Mpishi wa Tambi za Chumvi

Chumvi! Kwenye tambi! Mpaka leo nikiikumbuka siku ile ya kwanza mwili unanisisimka. Ndiyo kwanza nilikuwa nimetoka eda, nimehamia Majengo na mwanangu Rukia kwenye vyumba viwili vya mbele vya nyumba ya kupanga, na uani nikamkuta mwanamume mzee, mrefu, mwembamba, amevaa aproni nyeupe iliyopigwa pasi. Aproni ya pasi, jamani, kwenye vumbi la Dodoma! Alikuwa amesimama mbele ya jiko la mkaa, maji yanatokota. Akachota chumvi kiganjani, akaimwaga yote sufuriani, kisha akachukua fungu la tambi akazisimamisha mle ndani ndefu vilevile, hajavunja hata moja.

Nikasahau hata shikamoo. “Mzee, hizo si tambi?”

“Ni tambi, mama. Mbukwa, ndiyo salamu yetu Wagogo. Karibu. Ila usisimame hapo, unanizibia mwanga.”

Kwetu sisi tambi ni kitu kitamu. Mimi ni wa hawa Waislamu wa mjini ambao mababu zao walikuja na misafara ya biashara wakakosa sababu ya kurudi, na tangu nipate akili naona tambi zinavunjwavunjwa, zinakaangwa mpaka ziwe za kahawia, zinatiwa tui la nazi, sukari na iliki. Ni chakula cha futari, cha sikukuu, cha mgeni wa heshima. Kuzila na nyanya na bilinganya, kwangu, ilikuwa sawa na kukatia vitunguu kwenye chai. Nikamwita Rukia aje aone maajabu. Akaja, akaona, akakalia mbuzi ya nazi akaomba aonjeshwe. Nikamkata jicho, wapi! Alikula sahani nzima akakomba.

Huyo ndiye Mpishi. Jina alikuwa nalo, bila shaka, lakini mtaani hakuna aliyelitumia, na hata wenzake wa kanisani walipokuja kumjulia hali waligonga mlango na kuita, “Mpishi!” Alikuwa amewapikia mapadri wa Kitaliano miaka mingi kwenye misheni moja huko vijijini. Wazee wale walipochoka wakarudi kwao, yeye Mgogo wa watu akashuka mjini na ile aproni yake, na mche wa mrehani kwenye kopo la maziwa. Mrehani ule aliumwagilia hata siku ambazo bomba limekauka na sisi wengine tunanawa kwa vikombe. Nilimgombeza sana kwa hilo. Aliniangalia tu, akamalizia kumwagilia.

Sokoni alikuwa balaa. Anaishika nyanya, anainusa kule ilikokatwa kikonyo, anaitazama usoni mwenye nyanya. “Hii imelala hapa tangu juzi, na wewe unajua.” Kha! Mimi niliyefuatana naye natamani ardhi ipasuke. Karoti anaivunja. Si kwamba anaikunja kidogo kuipima, anaivunja katikati, asikilize! Wauza mboga walikuwa wakimwona tu kwa mbali wanaambiana, “Mpishi huyo, ficheni zilizolala.” Lakini nilikuja kuona kwamba walikuwa wakimwekea zile nzuri chini ya meza, na mwanamke aliyempa hoho changa asubuhi alikuwa akipelekewa sahani yake mchana, imefunikwa kwa kitambaa.

Na ile sahani, niseme haki, ilikuwa nzuri kuitazama. Kwanza alikuwa akikata kila kitu kabla hajawasha moto, karoti nyembamba, hoho nyembamba, bilinganya changa na ngozi zake, kitunguu saumu amekiponda kwa ubavu wa kisu. Kipindi cha mvua alitia na maua ya maboga, maua kabisa, nikasema sasa huyu ametoka kwenye tambi anakwenda kwenye mashada. Mafuta ya alizeti kidogo, moto mkali, anageuza, anageuza, nyanya zinaingia mwisho. “Mboga ikibadilika rangi umeshaichelewa,” alikuwa akisema. Kisha jambo lililonitoa macho kila siku: badala ya kumwaga maji yote ya tambi, anachota upawa mmoja anayamimina kwenye mboga. Maji ya kuchemshia! Sisi tunamwaga shimoni! Anachanganya, anakamulia ndimu, anachumia majani ya mrehani juu, basi. Hakuna nazi, hakuna nyama, hakuna karanga. “Mtu akila tambi zangu anatakiwa ainuke aende kazini,” alisema. “Akilala, nimekosea.”

Haya, nani alizila? Majirani, wagonjwa, Rukia. Yeye hakuzila! Hilo nililigundua baada ya muda, na nilibaki mdomo wazi. Akishamaliza kugawa anavua aproni, anaingia ndani, anatoka na ugali wa uwele na bakuli la mlenda, anakaa kwenye kizingiti anakula taratibu, amefumba macho. Nikamuuliza, Mpishi vipi, kwani tambi zako zina sumu? Akasema zile ni kazi, na chakula ni hiki. Jumapili, yule mhubiri wa chakula chepesi alikuwa akipotea baada ya misa, akirudi midomo inang'aa mafuta ya mbuzi.

Tulikuwa tukigombana kila siku, na sijui kama niliwahi kuwa na jirani bora. Ramadhani hakula uani mchana hata mara moja, na hakuna aliyemwomba. Akitupikia sisi alitumia sufuria zangu na kisu changu, vyake haviguswi, na hilo nalo hakuna aliyemwambia. Magharibi ikifika alileta mboga zake, nami nampa bakuli la tambi zangu za sukari. Anakula lote. “Mama Rukia, hii ni dawa ya kuozesha meno,” anasema, huku anakomba kijiko. Alikuja kuzijua kuzipika kama mimi. Ukweli mtupu, kuna siku nilipokuwa na homa alizipika yeye, na mama yangu mzazi aliyekuwa amenitembelea akanisifu mimi.

Kwa hiyo nilipompa kazi ile, nilimpa mtu ninayemwamini.

Rukia alikuwa amemaliza kidato cha nne. Mimi ni mjane, yeye ndiye mtoto pekee niliyenaye, na usiku nikilala nilikuwa nikiwaza nikifa leo huyu ataachwa mikononi mwa nani. Ndipo watu wa Tabora wakatuma salamu. Familia yenye jina, watu wa msikiti, kijana mwenye kazi na adabu. Jamani, nilifurahi mpaka nikaona haya. Nilikuwa natembea na kuimba. Kaka yangu mkubwa, aliyekuwa akitusimamia tangu nifiwe, akasema waje.

Sasa, katika ukoo wetu mposaji hajibiwi kwa mdomo siku ile. Analetewa sinia. Likiwa tamu, jibu ni ndiyo, na baada ya hapo ndipo pilau linaingia. Likiwa la chumvi, wageni wanaonja, wanashukuru, wanaondoka, na hakuna aliyetamka neno la kumvunjia mwenzake heshima. Watu wa Tabora wana desturi hiyohiyo, maana shina letu ni moja. Na chumvi sikuwahi kuiona ikipelekwa maishani mwangu, nilisikia tu kwa wazee.

Wageni wanawake walikuwa wengi, mimi nilitakiwa ndani. Nikamwita Mpishi, nikamwonyesha juu ya meza ya uani: tambi, nazi, sukari, iliki. “Za kwetu leo, Mpishi. Tafadhali. Za kwetu.” Akaitikia kwa kichwa. Alikuwa ameivaa aproni yake, imepigwa pasi mpaka mistari inaonekana.

Sinia likapita mbele yangu limefunikwa kawa. Nikalisindikiza kwa macho. Likawekwa mbele ya baba mkubwa wa kijana, mzee mwenye kofia ya kazi nzuri. Akafunua.

Yarabi toba. Tambi ndefu, nyeupe, zimejikunja, katikati karoti, hoho, nyanya nyekundu, na maua ya maboga juu! Nikaona mikono ya kaka yangu imeshika magoti. Mzee akatazama muda, akachukua kijiko, akaonja kama desturi inavyotaka. Akakiweka chini. Akajifuta midomo polepole. “Tunashukuru,” akasema. “Jibu tumelipata.” Wakainuka wote. Kaka yangu akawafuata mpaka barabarani anaeleza, ni makosa ya mpishi, si mtu wetu huyu, ni jirani, hajui mambo yetu. Mzee akamjibu kwa upole kwamba sinia likishafunuliwa limefunuliwa. Wakapanda magari yao. Sufuria la pilau lilikuwa bado linafuka uani.

Mimi nilimvaa Mpishi. Nilimwambia maneno ambayo sitayarudia. Alisimama pale pale karibu na jiko, mikono ameiweka nyuma. “Nisamehe, mama. Mkono umezoea,” akasema. “Nilipogutuka, chumvi imeshaingia.” Nani asingemwamini? Miaka yote mkono ule ulikuwa unakwenda kwenye chumvi wenyewe. Rukia alikuwa mlangoni, uso umempauka, nami nikajua ni aibu na uchungu. Nilimkumbatia nikalia mimi kwa niaba ya wote wawili.

Baada ya hapo sikuongea na yule mzee tena. Akisalimia, naujibu ukuta. Sahani zake zilizofunikwa nilizirudisha kama zilivyokuja. Rukia alienda kusomea uuguzi, akapangiwa zahanati moja upande wa Mtera, akawa ananiletea perege wa bwawani kila akija. Hakuolewa. Kila aliyeniuliza kwa nini, nilimsimulia habari ya mpishi aliyemharibia mwanangu bahati, na niliisimulia vizuri, watu walikuwa wanashika midomo. Rukia akiwa karibu alitoka nje. Mpishi naye mtaa ulipomshinda alihamia Msalato kwa mtoto wa dada yake, na siku anaondoka nilifunga dirisha.

Mwaka huu Rukia akanipigia simu. “Mama, Mpishi anaumwa. Nakuomba nenda ukamwone.”

“Nimwone mimi? Mimi!”

“Mama, nakuomba.” Akarudia hivyo hivyo, bila kuongeza neno, mpaka nikasema haya.

Nilimkuta amekaa kwenye kiti cha plastiki nje ya nyumba, mbele kidogo ya pale wanapojenga uwanja wa ndege, mitambo inanguruma mbali. Loh, nilishtuka! Mwili umekwisha, mikono inatetemeka hata haiwezi kushika kikombe. Ila aproni anayo, juu ya shuka.

“Shikamoo, Mpishi.”

“Marahaba, Mama Rukia. Umekuja kunizika au kunisalimia?”

“Vyote viwili vinawezekana,” nikamjibu, akacheka mpaka akakohoa.

Akasema hajala. Mtoto wa dada yake ametoka, na uji umemchosha. Anataka tambi. Nikashangaa: wewe ule tambi? Akasema meno yamekwisha, mlenda anao kila siku, leo anataka kazi yake mwenyewe, ila mikono haipo. Basi mimi, mtu niliyeapa kutosema naye tena, nikajikuta nimechuchumaa kwenye jiko la Mpishi nakata karoti. Na maneno yake! “Nyembamba, mama, huo ni mkaa au karoti? Usimenye bilinganya. Kitunguu saumu kiponde, usikichinje.” Nikasema leo nakuua mzee, akasema subiri kwanza nile.

Nilitia chumvi kwa mkono wangu. Tambi zikaingia ndefu. Nikawa nageuza mboga, ndipo akasema, kwa sauti ile ile ya kuelekeza mapishi, “Mama Rukia, siku ile mkono haukukosea.”

“Siku ipi?” Nilijua siku ipi.

“Sukari niliiona. Nazi niliikuna na tui nikalikamua. Nikalimwaga.”

Upawa ukanidondoka. “Kwa nini? Mzee, nilikukosea nini mimi?”

“Wewe hukunikosea kitu. Alinijia Rukia.”

Akanieleza. Siku moja kabla ya wageni, mimi nimekwenda kuazima masinia, Rukia alikwenda uani akasimama mbele ya jiko lake. Hakulia. Akasema, “Babu, mimi simtaki yule mtu, na sitaki kuolewa sasa, nataka kusoma.” Mpishi akamwambia nenda kamwambie mama yako. Akasema, “Nimemwambia. Akacheka, akasema wasichana wote husema hivyo, akaendelea kuimba. Mama akifurahi hasikii.”

Nilijaribu kukumbuka. Wallahi nilijaribu, nimechuchumaa pale, moshi machoni. Nakumbuka kuimba. Nakumbuka mchele niliokuwa napepeta na kanga niliyovaa. Mwanangu akiniambia neno hilo, sikumbuki. Hakuna kitu. Na hilo lilinitisha kuliko kama ningekumbuka.

“Nilimkatalia,” Mpishi akasema. “Nikamwambia, mjukuu, mimi ni Mkristo, tena mpangaji, sina neno kwenye kikao chenu. Akasema, ‘Lakini sinia unalipika wewe.’”

“Na miaka yote hii unanitazama nakutukana?”

“Aliniapisha. Alisema, ‘Bora mama akukasirikie wewe, babu, kuliko mimi, maana mimi ndiye nitaendelea kukaa naye.’” Kisha akainuka nusu kwenye kiti, amekodoa macho. “Epua! Epua, mama, zinalegea hizo!”

Nikaepua. Sijui nilichanganya vipi. Nilimlisha kwa kijiko, kidogo kidogo, nyingine zinadondokea kwenye aproni. Akatafuna kwa ufizi, akameza, akasema zimeiva kupita kiasi na ndimu imezidi. Alikula mpaka akamaliza. Nilimfuta midomo, nikamshika mikono ile inayotetemeka, akaniachia nikaishika.

Kisha nikatoka mpaka kwenye uzio, nikampigia Rukia.

“Umemwona, mama?”

“Nimemwona. Amekula. Ameniambia.”

Nyuma yake nikasikia mtoto analia na mtu anambembeleza, sauti za zahanati. Halafu mwanangu, mtu mzima anayezalisha wanawake na kuamrisha watu, akaniuliza kwa sauti ndogo ambayo sijaisikia tangu avae sare za shule, “Umekasirika, mama?”

Nilishika uzio. “Sijakasirika. Rukia, lile neno uliloniambia nikiwa napepeta mchele, liseme tena.”

“Mama, jamani, ni zamani.”

“Liseme tu. Siimbi.”

Akavuta pumzi. Nilimsubiri. Mitambo ilikuwa inanguruma, nikaziba sikio la pili kwa kiganja.

“Mama,” akasema, “simtaki.”

“Basi, mwanangu,” nikamwambia. “Kama humtaki, basi.”